Muulize Mjomba: Mama anasema katuni ni njaa au jela

Mwezi uliopita niliandika mistari minne tu kuhusu vibonzo, nikasema zamani mtu akinunua gazeti anafungua kwanza ukurasa wa katuni ndo anarudi mbele kusoma habari. Kumbe nimechokoza nyuki. Maswali yamejaa mpaka ya ndoa na ya mashamba nimeyaweka pembeni, leo ni katuni tupu. Wale wa mahari subirini toleo lijalo.

Shikamoo mjomba. Nina miaka 21, naishi Tandika, nimemaliza form four na nachora sana, madaftari yangu yote ya shule yamejaa sura za walimu. Nataka kuchora katuni za siasa ila mama anasema hiyo kazi ina milango miwili tu, njaa au jela. Niambie ukweli, mama yuko sahihi? – Kijana wa Tandika

Marahaba mwanangu. Mama yako yuko sahihi nusu, ila njaa ndo inatangulia, jela wengi hawafiki kabisa. Magazeti mengi yanamlipa mchoraji kwa kipande, katuni ikitoka unalipwa isipotoka umechora bure, na hata ikitoka unaweza ukashinda uhasibu wiki nzima unafatilia hela yako kama mtu anayedai mchango wa harusi. Mwangalie Masoud Kipanya, katuni zake watu wanarushiana kwenye magrupu toka alfajiri, nchi nzima inamjua, lakini jamaa ni mtangazaji wa redio pia na mwaka 2022 akaibuka na gari la umeme alilolitengeneza mwenyewe. Mimi hapo nasoma kitu kimoja, kwamba kalamu peke yake haijawahi kuwa shamba la kutegemea, kwa hiyo uwe na kazi ya pili, chora mabango, chora vitabu vya watoto, fundisha, chochote kile, ili siku mhariri akikukatalia katuni usiwe unamtazama usoni huku unahesabu kodi ya chumba.

Ila njia ipo. Gado, yani Godfrey Mwampembwa, ni mtoto wa Dar kama wewe, alianza kuchapishwa miaka ya 80 akiwa bado mwanafunzi, akaingia Chuo cha Ardhi pale kusomea usanifu majengo, halafu 1992 akaacha shule akaenda zake Nairobi kuchora gazeti la Nation. Sikwambii uache shule maana mama atanitafuta, nakwambia tu kwamba yule alikuwa anachora kila siku kabla hajapata ajira ya kuchora.

Sasa kazi yenyewe, maana wengi mnadhani mchoraji anakaa anasubiri wazo limshukie. Mimi nimekaa chumba cha habari miaka mingi, nimeona. Asubuhi kuna kikao, mchoraji anakaa kona anasikiliza habari gani kubwa, mpaka saa sita mchana anatakiwa awe na michoro mitatu au minne ya penseli, ya harakaharaka, mara nyingi nyuma ya karatasi ya fotokopi iliyotumika, anampelekea mhariri, mhariri anachagua mmoja na karibu kila mara sio ule mchoraji anaoupenda, ndo anarudi kutia wino au siku hizi anafanyia kwenye tableti moja kwa moja, na jioni kabla ukurasa haujafungwa iwe imefika. Kesho tena. Ukipata wazo zuri Jumatatu halikusaidii kitu Jumanne.

Kuhusu mazoezi, acha kuchora kutoka kwenye picha za simu. Nenda stendi ya Mbagala Rangi Tatu saa kumi na moja jioni ukachore watu wanagombania daladala, mtu ameshika kuku, konda amening'inia. Na chora mikono, wachoraji wachanga wote wanaficha mikono ya watu mifukoni na wahariri tunaona. Ukishaweza hayo ndo utafute alama. Zapiro wa Afrika Kusini alimwekea Jacob Zuma bomba la bafuni kichwani, maana mwaka 2006 kwenye kesi ya ubakaji Zuma alisema mahakamani kwamba baada ya tendo alioga ili kupunguza hatari ya virusi vya ukimwi, kwenye kesi akaachiwa huru ila lile bomba likamfuata mpaka kwenye urais. Gado naye Uhuru na Ruto aliwachora wakiburuza minyororo yenye tufe la chuma mguuni, kwa ajili ya kesi zao The Hague. Hakuna maandishi, hakuna maelezo, ukiona mnyororo umemaliza. Wewe ukijikuta unaandika jina la mtu kwenye koti lake ili atambulike, rudi kachore upya.

Jela na mabaya zaidi yapo, sikufichi. Ali Ferzat wa Syria mwaka 2011 walimteka pale Damascus wakamvunja mikono, na mikono waliichagua makusudi. Lakini hapa kwetu mchoraji mara nyingi anamalizwa bila kuguswa, na hilo nalisema kwenye swali linalofuata ambalo limetoka Mombasa, lisome na mama.

Shikamoo ami. Mimi ni msichana wa Kisauni nasomea sheria. Darasani twafundishwa ibara ya 33 ya katiba yetu ya 2010, uhuru wa kujieleza, ni nzuri mno. Sasa mbona Gado aliondoka Nation, na mbona yule kijana wa picha za vivuli alichukuliwa? Huo uhuru uko wapi? – Binti wa Kisauni

Marahaba binti yangu, na hongera kwa sheria. Umeuliza mambo mawili ukayafunga kamba moja, ngoja nifungue.

La Gado linaanzia huku kwetu. Januari 2015 gazeti la The East African, la kampuni hiyohiyo ya Nation, lilitoa katuni yake ya Rais Kikwete, kamchora amejilaza kama mfalme wa Kirumi, amezungukwa na wanawake waliovaa nusu uchi, mmoja anamlisha zabibu, na kila mwanamke ana jina la dhambi, rushwa, uzembe, kubebana, mambo kama hayo. Mwezi huohuo serikali ikalipiga marufuku gazeti lile Tanzania. Sababu iliyotolewa haikuwa katuni hata kidogo, ilisemwa gazeti halijasajiliwa, na hapo lilikuwa linauzwa nchini toka 1995, miaka ishirini, kila wiki lipo mezani kwa muuza magazeti na hakuna aliyeuliza cheti. Baada ya hapo Gado akapewa likizo ya mwaka mmoja, likizo ilipoisha 2016 mkataba haukuendelea. Kampuni ilikuwa na maelezo yake, Gado mwenyewe amesema wazi mara nyingi kwamba ni shinikizo la serikali, tena za nchi zote mbili. Mei mwaka huohuo 2016 akapewa tuzo Geneva, ile ya katuni na amani, pamoja na Zunar wa Malaysia ambaye alikuwa na mashtaka tisa ya uchochezi kichwani kwake. Yani ndani ya miezi michache mtu hana kazi Nairobi na ana tuzo Uswisi.

Sasa wewe mwanasheria angalia hapo. Nani alishtakiwa? Hakuna. Ibara ya 33 ilivunjwa wapi, na ukienda mahakamani utamshtaki nani, kwa kosa gani, la kutoongeza mkataba? Ndo maana nasema katuni nyingi zinauawa kwa simu. Simu inatoka kwa mkubwa inaenda kwa mwenye gazeti, mwenye gazeti anafikiria matangazo ya serikali na leseni ya redio yake, anamwita mhariri mtendaji, mhariri mtendaji anamwita mhariri, na mhariri anamwambia mchoraji leo tusichore siasa, tuchore mvua. Barua haipo na amri haipo, mvua inachorwa. Na sio Afrika tu, Januari 2025 Ann Telnaes aliacha kazi Washington Post baada ya katuni yake kukataliwa, alikuwa amechora matajiri wamepiga magoti mbele ya sanamu ya Trump na mmojawao ni Jeff Bezos, mwenye gazeti lenyewe.

La pili, la kijana wa vivuli, hilo ni baya kwa namna nyingine. Kibet Bull, yani Gideon Kibet, alikuwa haajiriwi na mtu, hana mhariri wa kupigiwa simu, anaweka mtandaoni picha za Ruto zilizokuwa kivuli cheusi kitupu, sura haipo lakini kila Mkenya anajua ni nani. Mimi kama mtu wa dawati nilipoziona nilicheka kwa wivu, maana mtu ukitambulika kwa kivuli chako tu mchoraji amemaliza kazi. Desemba 2024, siku moja kabla ya Krismasi, akapotea Nairobi, ndugu yake Ronny alikuwa ameshatangulia kupotea, na vijana wengine wakosoaji nao wakapotea wiki hizohizo. Polisi wakakana kuhusika. Watu wakaingia barabarani wakidai warudishwe, na Januari 6, 2025 wakaonekana, kila mmoja sehemu yake.

Kwa hiyo binti yangu katiba yenu haidanganyi, na mahakama zenu zimefanya kazi kubwa, Februari 2017 Mahakama Kuu ilifuta kifungu cha kumfunga mtu kwa kumkashifu mwenzake na hilo sisi huku tuliliangalia kwa mate. Ila sheria inamsaidia mtu aliyefikishwa kortini. Aliyepigiwa simu na aliyetiwa kwenye gari usiku hawajafikishwa kortini, nyie mnaosoma sasa hivi ndo mtatuambia mnawafikaje.

Mwandishi, mimi ni mstaafu wa serikali, Dodoma. Nasikitika mnavyowasifia hawa vijana. Mila zetu mkubwa akikosea anaitwa pembeni, hachorwi na kitambi gazetini watoto wacheke. Hii tabia tumeiga kwa wazungu. – Mstaafu, Area C

Shikamoo mzee wangu. Nakubishia kwa heshima, na nakubali mahali pamoja.

Hilo la kuiga kwa wazungu ndo nabisha. Mzee umehudhuria misiba, unajua mtani akifika msibani anafanya nini. Analala mbele ya jeneza anakataa lisipite mpaka atoe mtu hela, anavaa nguo za marehemu anamuigiza alivyokuwa anatembea, alivyokuwa mchoyo, alivyokuwa anadai chumvi imezidi, na wafiwa wanacheka huku machozi yanatoka na hakuna anayemwita polisi. Wale ni Wangoni na Wahehe, Wazaramo na Wanyamwezi, sio wazungu. Pwani huko Muyaka bin Haji wa Mombasa alikuwa anawapiga wakubwa kwa mashairi wakati wa vita vya Mazrui na Seyyid Said, karne mbili karibu zimepita. Na kanga ya jirani ikipita mlangoni kwako na maneno yake, si unajua umechorwa? Sisi tumechorana siku zote mzee, kilichobadilika ni karatasi.

Ninapokubali ni hapa. Ile katuni ya Kikwete mimi mwenyewe sikuipenda, na sio kwa sababu ya Kikwete, ni kwa wale wanawake, kila dhambi ya nchi imevishwa gauni na kuwekewa matiti wakati waliokuwa wanakula zile rushwa tunawajua walikuwa na ndevu. Mchoraji anayemchora mtu kabila lake, au ulemavu wake, huyo pia mimi simtetei. Lakini mzee kutopenda kwangu dawa yake ni kama hii ya kwako, unaandika barua, unamsema mchoraji, inachapishwa, na yeye anasoma. Kufunga gazeti zima ni kumchapa mtaa mzima kwa sababu mtoto mmoja kakuzomea.

Na hiyo ya kitambi ngoja nikupe kisa, umenikumbusha. Miaka hiyo kwenye gazeti moja nilikuwa zamu ya usiku, mchoraji wetu kaleta katuni ya waziri mmoja mnene, amekaa juu ya gunia la mahindi wakati wa njaa. Nikaiona nikaogopa. Hakuna aliyenipigia simu mzee, hakuna kabisa, niliogopa mwenyewe. Nikamwambia punguza tumbo kidogo. Akarudi nayo. Nikamwambia bado. Mara tatu nikamrudisha yule bwana, saa nne usiku, anafuta kwa wembe wino unaacha alama kwenye karatasi, mpaka waziri akabaki mwembamba kama mwanafunzi wa bweni na gunia nalo likawa dogo kama mto wa kulalia. Kesho yake wasomaji wanapiga simu wanauliza huyu kwenye katuni ni nani. Na mchana akapiga msaidizi wa waziri mwenyewe, amekasirika kweli, analalamika kwamba tumemchora mheshimiwa kama mgonjwa, tunataka watu wadhani nini.

Yule mchoraji hakunisema, alinitazama tu akaenda kuchukua karatasi nyingine. Mpaka leo nikimuona mjini mimi ndo naanza kusalimia.

Mjomba mambo, mimi nachora Instagram tu sina gazeti. Juzi rafiki yangu kaniambia niache viongozi nichore mapenzi. Kuna ukweli? – Kalamu ya Sinza

Poa. Rafiki yako anakupenda lakini ngoja tuweke sawa. Ibara ya 18 ya katiba yetu inakupa haki ya kutoa maoni, katuni ni maoni. Chini yake kuna sheria nyingine, ipo ya Makosa ya Mtandao ya 2015, ipo ya Huduma za Habari ya 2016, zipo kanuni za maudhui ya mtandaoni ambazo toka 2018 zimebadilishwa zaidi ya mara moja. Ile ya 2016 Mahakama ya Afrika Mashariki kule Arusha ilisema mwaka 2019 kwamba vifungu vyake kadhaa vinakwenda kinyume na mkataba wa jumuiya, na 2023 bunge likarekebisha baadhi. Na hatari sio hadithi, Septemba 2021 mchoraji Optatus Fwema alikamatwa Dar kwa katuni aliyoiposti Instagram kuhusu Rais Samia, akakaa ndani siku kadhaa kabla ya kupewa dhamana.

Kwa hiyo fanya haya. Chora jambo lililotokea kweli, kama umemchora mtu anasaini mkataba uhakikishe huo mkataba upo na tarehe unaijua, maana katuni yenye ukweli ndani ina pa kusimama na yenye uzushi haina. Weka sahihi na tarehe kwenye kila kazi. Hifadhi orijino sehemu isiyo simu yako. Uwe na namba ya wakili kichwani, nimesema kichwani maana simu ndo ya kwanza kuchukuliwa, na mjue mtu mmoja wa Mtandao wa Watetezi wa Haki za Binadamu au Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu kabla hujamhitaji. Halafu mwambie mtu wa nyumbani unachora nini.

Na mapenzi chora pia. Hela yake nzuri na maoni ni mengi kuliko ya bajeti.

Mjomba siku hizi kompyuta inachora yenyewe, nyie si mmekwisha? – Mdau, Mwanza

Iambie ikuchoree waziri wa kilimo akikata utepe wa kisima kisicho na maji halafu utume hapa tuone kama kuna mtu wa Mwanza atacheka. Tunasubiri.

Salaam mjomba. Mwanangu yuko darasa la sita huku Morogoro. Alimchora mwalimu mkuu kwenye daftari la hesabu, ana kichwa kikubwa na fimbo ndefu kama mlingoti, daftari likazunguka darasa zima mpaka likafika ofisini. Kachapwa viboko sita na kaambiwa niende shule. Niende nikaombe msamaha au vipi? – Mama Mchoraji

Salaam dada yangu, pole na mtoto pole.

Nenda. Ila usianze na msamaha. Anza kwa kuuliza daftari la viboko, maana kanuni za adhabu hiyo zinasema visizidi vinne na viandikwe kwenye daftari maalumu, kosa gani, vingapi, nani kachapa. Uliza kwa upole tu kama mtu anayetaka kuelewa, na umuangalie mwalimu mkuu anavyokohoa. Hapo aliyechorwa ndo kalalamika, ndo kahukumu, na ndo kachapa, mwambie hilo pia kama nafasi ikipatikana. Mtoto naye ana kosa lake, daftari la hesabu ni la hesabu, mnunulie la kuchorea, lisilo na mistari, kubwa, na penseli ya 2B sio HB.

Na kabla hamjaondoka omba ile karatasi. Isichanwe. Ukiipata nipigie picha uitume huku kwa mhariri, nataka kuona kama mikono kaichora au kaificha mifukoni.